Bastola inapogoma mkononi: jibu kwa msomaji wa Mombasa

Swali: "Shikamoo Mwalimu. Mimi ni mfanyabiashara wa vifaa vya ujenzi hapa Mombasa, na huu ni mwaka wa tatu tangu nipate leseni ya bastola. Bastola yangu ni Ceska, CZ 75, niliyoinunua ikiwa imeshatumika. Mwezi uliopita, tukiwa uwanjani, nilivuta triga ikatoa 'tik' tu. Nikaivuta mara mbili zaidi, kisha nikaigeuza niitazame, na mkufunzi akasema kwamba kama lingekuwa tukio la kweli ningekuwa nimeshakufa. Mwenzangu mmoja anasema uzuri wa Ceska ni kwamba unaweza kuvuta triga tena. Wa pili anasema gonga magazini, kile kibati cha risasi kinachoingia kwenye mpini, na ukoki bila kutazama. Wa tatu anasema tazama kwanza. Kwenye kubadilisha magazini nako kila mtu ana lake. Nimfuate nani?"

Marahaba, ndugu yangu. Wenzako wote watatu wameshika kipande cha ukweli, na ndiyo maana umechanganyikiwa: kila mmoja amekupa jibu la tatizo moja kana kwamba linatibu matatizo yote. Bastola haigomi kwa namna moja. Hata hivyo, kila inapogoma hukuarifu kupitia kidole na kiganja kabla macho hayajaona chochote, na mtu aliyefunzwa vizuri ni yule ambaye mikono yake imezoea kuipokea taarifa hiyo na kuijibu papo hapo. Taarifa zenyewe ni chache. Unavuta triga, inatoka tik bila mlio. Au unavuta triga na unaikuta imekufa, haina ukinzani wake wa kawaida, hata hiyo tik haitoki. Au slaidi, kile chuma cha juu kinachokwenda nyuma na mbele, imebaki nyuma na chemba, tundu la mtutu ambamo risasi hukaa, iko wazi. Au mlio umetoka, lakini ni dhaifu kuliko ulivyouzoea, na hii ya mwisho ndiyo ya kuogopwa kuliko zote.

Kabla sijaingia humo, niseme neno juu ya kule kuigeuza bastola ili uitazame, kwa sababu mimi ningekukemea kwa hilo kabla ya jambo lingine lolote. Miaka kadhaa iliyopita nilikuwa na mwanafunzi, mtu mzima na mtulivu, ambaye bastola yake ilikwama akiwa mtu wa pili kutoka kushoto kwenye mstari. Alifanya kile ambacho binadamu yeyote hufanya kifaa kinapoharibika mkononi mwake: aligeuka kunionyesha. Mtutu ukapita mbele ya matumbo ya wenzake wanne, kidole chake kikiwa bado kwenye triga na risasi ikiwa chemba. Hakuna aliyeumia, lakini tangu siku hiyo somo langu la kwanza kuhusu kukwama kwa bastola halihusu bastola, linahusu miguu. Miguu inabaki inaelekea shabaha, mtutu unabaki unaelekea shabaha, kidole kinatoka kwenye triga na kulala kando ya fremu, na kama unahitaji msaada unainua mkono usioshika bastola na kusubiri mkufunzi akufuate. Jeff Cooper, aliyefungua shule yake ya bastola huko Arizona mwaka 1976, anakumbukwa kwa kanuni nne za usalama: kila silaha ichukuliwe kuwa ina risasi, mtutu usielekezwe kwa kitu usichokuwa tayari kukiharibu, kidole kisiingie kwenye triga kabla ya kulenga, na mpigaji awe na hakika na shabaha pamoja na kilicho nyuma yake. Watu huzikumbuka wakati wa kufyatua na kuzisahau wakati wa kukwamua, ilhali wakati wa kukwamua ndipo akili inapohamia kwenye chuma na kuacha kufuatilia mtutu unaelekea wapi.

Sasa turudi kwenye ile tik yako. Sauti hiyo ina maana kwamba nyundo imeanguka na hakuna kilicholipuka. Sababu zinaweza kuwa tatu. Huenda risasi iko chemba lakini fataki yake, kile kidude cha kitako cha risasi kinachowasha baruti, haikuwaka, ama kwa kuwa ni mbovu ama kwa kuwa pini haikuigonga vya kutosha. Huenda chemba ni tupu kwa sababu magazini haikukaa sawasawa, ikashuka milimita chache, na slaidi ilipokuwa inarudi mbele ikapita juu ya risasi bila kuibeba. Au huenda risasi zimekwisha na slaidi haikubaki nyuma kama ilivyopaswa. Kwa nje hali hizi tatu zinafanana kabisa, na huna muda wa kuzipambanua.

Ushauri wa mwenzako wa kwanza ni wa kweli kwa kiasi chake. Ceska yako ina nyundo ya nje, na triga yake inaweza kuivuta nyundo hiyo kutoka chini hadi juu na kuiangusha tena, jambo ambalo bastola nyingi za kisasa zisizo na nyundo, kama Glock, haziwezi kulifanya mpaka slaidi ivutwe. Kwa hiyo kama tatizo ni fataki ngumu, pigo la pili linaweza kuiwasha. Lakini kama chemba ni tupu, unaweza kuvuta triga mpaka kesho. Mtu anayejifunza kuvuta tena amechagua dawa inayotibu ugonjwa mmoja kati ya mitatu, na hata huo hautibu kila mara. Isitoshe, ukijizoeza hivyo kisha siku moja ukashika bastola ya aina nyingine, kidole chako kitakuwa kinafanya kazi isiyo na matokeo. Mimi humwambia kila mwanafunzi wangu mwenye Ceska asiuhesabu uwezo huo kabisa.

Mwenzako wa pili ndiye aliye karibu zaidi na haki. Jibu la tik ni kugonga na kukoki. Unatoa kidole kwenye triga, unaigonga magazini kutoka chini kwa kisigino cha kiganja cha kushoto, kwa nguvu halisi, mpaka uhisi imegota; kisha mkono huohuo unapanda juu ya slaidi, unaivuta nyuma hadi mwisho na kuiachia. Kugonga kunairudisha magazini mahali pake. Kukoki kunaitupa nje risasi mbovu kama ipo, na kuingiza nyingine. Na kama risasi zimekwisha, slaidi itabaki nyuma, nawe utakuwa umejulishwa kwamba unachotakiwa kufanya ni kubadilisha magazini. Ndiyo maana jibu hili moja linatangulizwa: linatibu sababu mbili na kuifichua ya tatu, bila kukulazimisha kufikiri. Baada ya kukoki unatazama mbele kwanza, kwa sababu katika sekunde hizo mbili hali ya adui inaweza kuwa imebadilika. Huenda amekimbia, na mtu aliyekimbia huna tena haki ya kumpiga risasi. Wakufunzi wanaofundisha "gonga, koki, piga" kama neno moja wanawafundisha watu kufyatua bila kuamua, na sikubaliani nao hata kidogo.

Namna ya kuivuta slaidi ya Ceska inahitaji uangalifu wake. Kwenye bastola nyingi slaidi huikumbatia fremu kwa nje, lakini kwenye CZ 75 slaidi hukimbia ndani ya fremu. Watu wengi huamini muundo huo unaipa utulivu wake, ila unaacha sehemu nyembamba tu ya slaidi ya kushika. Vidole viwili vikibana kutoka nyuma, hasa vikiwa na jasho la Mombasa, huteleza. Weka kiganja kizima juu ya slaidi, nyuma ya dirisha la kutolea maganda, dole gumba likielekea kifuani kwako, ukunje vidole vinne upande wa pili, kisha mkono wa kulia uisukume bastola mbele wakati wa kushoto unavuta nyuma. Slaidi ikifika mwisho, iachie. Usiisindikize kwa mkono kurudi mbele, kwa maana springi ndiyo inayoijua kazi hiyo, na slaidi iliyosindikizwa huishia kufunga nusu. Inamisha pia bastola kidogo upande wa kulia unapokoki, ili kilichomo kiangukie nje.

Nikumbushe jambo moja ambalo halipaswi kuchanganywa na haya. Siku ya mazoezi ya kawaida ya shabaha, ambapo hakuna saa wala zoezi la dharura, na risasi halisi imetoa tik, subiri nusu dakika mtutu ukielekea shabaha ndipo ukoki. Ni nadra, lakini fataki huweza kuchelewa kuwaka, na risasi inayochelewa ni salama zaidi ikiwa ndani ya chemba iliyofungwa kuliko ikiwa hewani mbele ya uso wako.

Taarifa ya pili ni triga iliyokufa. Hapo slaidi haijafunga, na bastola yenyewe imekata mawasiliano kati ya triga na nyundo ili isilipuke ikiwa wazi. Mara nyingi utaona ganda limesimama wima kwenye dirisha, limebanwa na slaidi kama bomba la jiko. Wapo waliofundishwa zamani kulifagia ganda hilo kwa makali ya kiganja. Acha. Njia hiyo hukata mkono, na hata ganda likitoka hujui kama chemba imepata risasi. Jibu ni lilelile, gonga na koki huku ukiwa umeinamisha bastola kulia. Wakati mwingine slaidi imebaki wazi kwa milimita mbili tu kwa sababu ya uchafu au risasi iliyobonyea, na gonga na koki huliondoa hilo pia mara nyingi.

Sasa ukigonga na kukoki, na triga bado imekufa au slaidi imekataa kwenda mbele, ndipo ushauri wa mwenzako wa tatu unapopata nafasi yake. Hapo tazama. Inua bastola kiasi dirisha lake liwe karibu na usawa wa macho, mtutu bado ukielekea mbele, na utupe jicho mara moja. Takriban kila mara utaona risasi mbili zinagombania mlango mmoja: ganda limebaki chemba kwa kuwa kulabu ya kulitoa imeliteleza, na risasi mpya imesukumwa nyuma yake. Wakufunzi huogopwa kwa ajili ya zoezi hili, na ni kweli kwamba ndilo linalochukua muda mrefu zaidi, lakini ugumu wake unatokana na kutoelewa kinachobana. Risasi ya pili bado imeshikwa kwa nyuma na midomo ya magazini, na pua yake imebanwa mbele na slaidi yenye springi. Ndiyo maana kukoki hakusaidii: kila ukivuta slaidi na kuiachia, unaisukuma risasi ileile kwenye ganda lilelile. Ndiyo maana pia ukibonyeza kitufe cha kuachia magazini, magazini haidondoki.

Kwa hiyo ondoa kwanza mkandamizo. Vuta slaidi nyuma na uifunge huko kwa kizuizi chake. Bonyeza kitufe na uing'oe magazini kwa nguvu. Shika kitako chake kwa vidole, usingoje ianguke. Risasi iliyolegea itadondoka kupitia uwazi ilimokuwa magazini. Koki mara mbili au tatu mfululizo, kwa nguvu, ili kulabu ilikamate lile ganda na kulitupa nje. Ingiza magazini ya akiba, igonge, koki, tazama mbele. Kuna wakufunzi wanaoiruka hatua ya kuifunga slaidi nyuma na kuing'oa magazini moja kwa moja. Kwenye bastola fulani inawezekana, tena ni haraka zaidi. Kwa Ceska yako sikushauri. Nyingi za CZ 75 zina bamba dogo la springi ndani ya mpini linalozuia magazini isidondoke yenyewe hata wakati wa kawaida, na ukijumlisha zuio hilo na slaidi inayobana, utajikuta unavutana na bastola huku mtutu ukizunguka. Ifunge slaidi kwanza.

Kama huna magazini ya akiba, ile uliyoing'oa ibane kati ya kidole cha pete na kidole kidogo cha mkono unaoshika bastola, ukoki, kisha uirudishe. Lakini ukweli ni kwamba magazini hiyohiyo huenda ndiyo iliyoleta balaa. Nawasihi watu wenye leseni wabebe magazini ya pili, na huwa wananijibu kwamba risasi 15 zinatosha. Zinatosha, nami sibishani. Magazini ya pili naihesabu kuwa dawa ya kukwama kwanza, na hazina ya risasi baadaye.

Hapo tumeshafika kwenye kubadilisha magazini, kwa sababu ni safari ileile ya mikono. Taarifa yake ni slaidi iliyobaki nyuma. Ukishaizoea utaihisi: pigo la mwisho huishia kwa mshtuko mmoja wa kwenda nyuma bila ule wa kurudi mbele. Usishushe bastola kiunoni. Ilete karibu na uso, kiwiko kikikaribia mbavu, mtutu ukielekea mbele na mdomo wa mpini ukiinama kidogo kuelekea upande wako wa kushoto. Dole gumba la kulia linabonyeza kitufe, na wakati huohuo mkono wa kushoto unateremka mkandani. Kwa Ceska yenye lile bamba, mkono wa kushoto una kazi ya ziada ya kuivuta magazini tupu na kuitupa kabla ya kwenda kuchukua mpya. Jizoeze hivyo, au umwombe fundi mwenye leseni akuelekeze kama bamba hilo linaweza kunyooshwa.

Magazini ya akiba ikae kushoto kwenye mkanda, risasi zikielekea kitovu. Unapoichukua, kidole cha shahada kinalala mbele ya magazini na ncha yake inagusa pua ya risasi ya juu. Huu si urembo. Binadamu anaweza kugusa ncha ya kidole chake gizani bila kukosea, na ukiielekeza ncha hiyo kwenye mdomo wa mpini, magazini inafuata. Tupia jicho mdomo huo, gusisha mgongo bapa wa magazini kwenye ukuta wa nyuma wa mpini, uinyooshe, kisha usukume kwa kiganja hadi igote. Wengi hushindwa hapa kwa kutaka kuwahi: huirusha magazini kutoka mbali na kugonga kingo za mpini mara tatu. Nenda upesi kufikia mpini, punguza kasi mlangoni, maliza kwa nguvu.

Kisha slaidi. Unaweza kuishusha kwa kubonyeza kizuizi kwa dole gumba, au kuivuta nyuma na kuiachia. Mabishano juu ya hili hayaishi, na mengi ni ya bure. Kubonyeza ni haraka zaidi kidogo kwa mtu anayeijua bastola yake vizuri. Kuvuta kunatumia misuli mikubwa, kunafanya kazi kwenye karibu kila bastola, na kwako wewe kuna faida kubwa zaidi: ni mwendo uleule unaokoki nao. Mtu anayekwenda uwanjani mara moja kwa mwezi ana nafasi ya kuifundisha mikono yake mambo machache tu, basi afadhali yafanane.

Kubadilisha magazini ambayo bado ina risasi na kuiweka mfukoni nitakupitishia haraka. Kunafaa pale tu mapigano yametulia, wewe ukiwa nyuma ya kinga, na hujui zimebaki ngapi. Chukua mpya kwanza mkononi, ndipo utoe ya zamani. Kama bado unapigiwa risasi, usifanye hivyo. Kama njia ya kuondoka iko wazi, ondoka. Na hilo linahusu kila nililoandika hapa: bastola ikigoma, hatua ya kwanza ni kusogea kuelekea kwenye kinga, gari, nguzo au kona ya duka, huku mikono ikifanya kazi yake.

Taarifa ya nne sitaki uifanyie mzaha. Ukisikia mlio mdogo, kama kizibo cha chupa kinachofunguka, na mkono haukurushwa ulivyozoea, simama. Baruti haikuwaka, au ilikuwa kidogo mno, na fataki peke yake inaweza kukisukuma kichwa cha risasi hadi ndani ya mtutu kikakwama humo. Ukigonga, ukakoki na kufyatua risasi nzima nyuma yake, mtutu unaweza kupasuka mikononi mwako. Uwanjani piga kelele ya kusimamisha, toa magazini, toa kilichomo chemba, funga slaidi nyuma, na mkufunzi apitishe fimbo kwenye mtutu kabla ya jambo lingine lolote. Kwa sababu hii siwafundishi wanafunzi gonga na koki mpaka wawe wamefyatua risasi za kutosha kuujua mlio na mrusho wa kawaida wa bastola yao.

Umeuliza namna ya kutibu, lakini ningekuwa nimekutendea isivyo haki kama nisingekuuliza kwa nini ilikwama. Bastola nzuri haikwami ovyo, na kwa maoni yangu mtuhumiwa wa kwanza ni magazini. Ni kibati chenye springi ambacho huangushwa sakafuni kila siku ya mazoezi. Midomo yake ikipinda kidogo, risasi inatoka kwa pembe mbaya. Springi yake ikichoka, risasi inachelewa kupanda. Hiyo bastola yako uliinunua imetumika, na huenda springi za magazini ni za zamani kama bastola yenyewe. Chukua rangi ya kucha au kalamu ya wino usiofutika, uziandike namba magazini zako zote. Kila inapokwama, andika namba ya magazini, aina ya risasi na ulichokiona. Usishangae ukikuta takriban matatizo yote yanatoka kwenye moja.

Mtuhumiwa wa pili ni mshiko. Slaidi inahitaji fremu iliyoshikiliwa imara ili irudi nyuma hadi mwisho. Kifundo cha mkono kikilegea, fremu inarudi nayo na ganda halitoki. Ukishika juu mno na dole gumba likakaa kwenye kizuizi, slaidi haitabaki nyuma risasi zikiisha, na utaipata ile tik juu ya chemba tupu. Inawezekana kabisa hilo ndilo lililokupata, kwani hukusema ulikuwa umefyatua risasi ngapi.

Mtuhumiwa wa tatu ni hewa yenu. Chumvi na unyevu wa Pwani havihurumii chuma, na watu hujibu kwa kumwaga mafuta. Mafuta mengi hushika vumbi na kugeuka tope, na yakifika kwenye risasi yanaweza kuingia kwenye fataki. Tone moja kwenye kila reli ya slaidi, tone kwenye mtutu pale unaposugua, na kitambaa kikavu kwa yaliyobaki. Uchafu ulio chini ya kulabu uondoe kwa brashi, maana ndio unaozaa zile risasi mbili zinazogombania mlango.

Kuna kosa jingine ambalo wenye leseni hulifanya kila siku bila kujua. Asubuhi wanaingiza risasi chemba, jioni wanaitoa na kuirudisha juu ya magazini, na kesho yake ni risasi ileile. Kila inapoingizwa, pua yake hugonga njia ya kuingilia chemba, na baada ya mara kadhaa kichwa cha risasi huzama ndani ya ganda. Nafasi ya baruti ikipungua, shinikizo linapanda hadi kiwango cha hatari. Isimamishe mezani sambamba na risasi mpya ya kundi lilelile. Ikiwa fupi hata kwa kiasi kidogo kinachoonekana kwa macho, itenge na uikabidhi pasipo kuitumia.

Kuhusu mazoezi, nunua risasi bandia sita, zile za plastiki au alumini zenye rangi ya wazi. Nyumbani, hamishia risasi halisi chumba kingine na ufunge mlango, kagua chemba na magazini kwa jicho na kwa kidole, kisha chagua ukuta unaoweza kuzuia risasi. Tumia dakika kumi mara tatu kwa wiki, si zaidi, kwa maana uchovu hufundisha makosa. Kutengeneza zile risasi mbili zilizobanana ni rahisi: funga slaidi nyuma, dondosha risasi bandia moja chemba, ingiza magazini yenye bandia nyingine, kisha shusha slaidi polepole. Sasa uitatue ukiwa umefumba macho, na utagundua kwamba vidole vinajua zaidi ya ulivyodhani.

Uwanjani, mwombe mwenzako akujazie magazini akichanganya bandia moja au mbili katikati ya risasi halisi bila kukuambia ziko wapi. Zoezi hili linakufundisha mawili kwa pamoja. Bandia ikifika, mikono inapata nafasi ya kugonga na kukoki bila kutarajia; na mtutu ukiinama wakati wa tik, utaona kwa macho yako jinsi unavyoutarajia mlipuko na kuisukuma bastola chini. Mikono ikishatulia, jipime kwa zoezi la Cooper linaloitwa El Presidente, ila lianze ukiwa tayari umeelekea mbele: shabaha 3 zilizo umbali wa yadi 10, risasi 2 kwa kila moja, badilisha magazini, risasi 2 tena kwa kila moja, jumla risasi 12. Kipimo chake cha asili ni sekunde 10. Wewe anza na 20, na usizipunguze mpaka risasi zote 12 ziwe ndani ya kifua cha shabaha. Baadaye, ukitaka kujaribiwa na saa na macho ya watu, jiunge na mashindano ya IDPA, chama cha mashindano ya bastola ya kujihami kilichoanzishwa Marekani mwaka 1996 na ambacho kina wapigaji Kenya pia.

Kwa juma hili, lakini, anza na magazini. Zifungue, zifute zikauke, ziandike namba, na uende nazo zote uwanjani ukiwa na kijitabu. Ile itakayokwama mara mbili kwa risasi ambazo wenzake wanazimeza bila shida, ibadilishe springi. Ikikwama tena baada ya hapo, iponde kwa nyundo kabla hujaitupa, ili mtu mwingine asije akaiokota na kuiamini.